Wawira Alienda Shoo ya Dunia

Mama,

Ni mimi, mke wa Ireri, yule uliyemwita mtoto wa majani chai. Leo ni Jumapili, wengine wote wameenda kanisani, mimi nimebaki nikingoja Wawira aamke. Mjukuu wako siku hizi analala mchana kama popo. Anasema mwili wake bado uko Japani. Ndiyo, Mama, Japani. Kaa vizuri nikuambie. Unajua mimi niliishia darasa la tano, kwa hivyo ninaandika vile ninavyoongea.

Tangu tukuzike mvua imenyesha vizuri mara moja tu. Ndengu tulipata kidogo. Mbuzi wako mwenye pembe moja alizaa mapacha. Kikundi cha kusuka viondo vya mkonge bado kiko, wamama ni wale wale, isipokuwa nafasi yako pale karibu na mlango hakuna anayeikalia. Sasa siku moja wakaja watu kutoka Nairobi, wanatafuta mwanamke mmoja wa kusuka ambaye pia anajua Kiingereza. Walitaka aende akasuke mbele ya watu kwenye maonyesho ya mataifa yote. Wamama hawakungoja hata wamalize kuongea, vidole vyote vikaenda kwa Wawira.

Mimi nikamuuliza, hiyo ni kama shoo ya Embu? Unakumbuka ile shoo tulienda sisi watatu, ukasimama mbele ya lile fahali kubwa ukamwambia mwenyewe, "Niambie linakula nini, nina kijana nyumbani amekataa kunenepa." Na Ireri mwenyewe yuko nyuma yetu anasikia! Wawira akacheka akasema, "Ni kama shoo ya Embu, Mama, lakini huko kila nchi inajileta yenyewe badala ya ng'ombe."

Tulikuwa tunachagua ndengu, akaanza kunisomea kwa simu mambo ya zamani ya maonyesho hayo. Mama, dunia ni kubwa. Kule London walijenga nyumba ya vioo vitupu, ndefu kuliko soko letu lote, na miti iliyokuwa imesimama pale hawakuikata, waliifunika tu ikabaki ndani na matawi yake. Fikiria mti mzima ndani ya nyumba! Paris wakasimamisha mnara wa chuma kwa ajili ya maonyesho, eti baadaye ung'olewe, lakini watu wakauzoea na mpaka leo uko. Amerika nako watu walionyeshwa simu ilipokuwa ngeni kabisa, wakashika kile kitu sikioni wakashtuka kusikia kinaongea. Hapo nikaangalia hii simu mkononi mwa mtoto wangu na nikaacha kuchagua ndengu. Sikujua kitu kinaweza kutoka mbali hivyo mpaka kifike jikoni kwangu.

Halafu sauti yake ikashuka. Akasoma kwamba katika maonyesho mengine ya zamani walileta watu pia. Watu kama sisi, wa Kongo na wa nchi nyingine, wakajengewa vijiji vya uongo, wakawekewa ua, na wazungu wakawa wanapita kuwaangalia wakipika, wakinyonyesha watoto. Wengine baridi iliwaua na wakazikwa huko huko.

Mama, nilisimama. Ndengu zikamwagika. Nikaona Wawira wangu ameketi chini kwenye mkeka, anasuka, na watu wamemzunguka wanamnyooshea vidole. Nikasema hapana. Huendi.

Hakubishana na mimi, na hilo ndilo lilinitia wasiwasi zaidi. Lakini alihitaji mkonge wa kusafiri nao, na unajua ni mimi ninayeutayarisha. Kila akiuliza, namwambia haujakauka. Siku ya tatu akasema, "Mama, hapa Kiritiri hata mavi ya mbuzi hukauka kabla hayajafika chini." Nikasema mkonge wa mwaka huu ni mbaya. Basi asubuhi moja akanikuta nyuma ya jikoni na jagi, ninaumwagia maji. Maji, Mama! Maji tunayobeba kutoka kule bondeni, mimi ninamwagilia mkonge uliokufa.

Nilitaka acheke. Hakucheka. Alininyang'anya jagi pole pole, akakaa kwenye jiwe, akaniambia, "Wale walichukuliwa, Mama. Mimi nimeitwa, na jioni ninafunga kazi natoka kwa mlango ule ule wanaoutumia watazamaji."

Nikaingia ndani nikalia kidogo, nikakufikiria wewe. Nilipoolewa kutoka Kibugu sikujua hata mkonge unashikwa wapi. Sisi kwetu ni chai tu. Uliniketisha kwa kigoda sawa na chako, goti kwa goti, ukaanza kusokota kamba kwenye paja, nami nikafuata mpaka ngozi ikawa nyekundu kama nyanya. Ukaniambia, "Kwani hilo paja kwenu lilikuwa la kukalia tu?" Nilikasirika siku mbili. Lakini hukuwahi kunifundisha ukiwa umesimama juu yangu. Hata siku moja.

Basi nikatoka nikamwambia Wawira, utaenda, lakini usikae kwa mkeka. Kaa kwa kiti. Na uweke kiti kingine kando yako. Mtu akisimama kukuangalia, mpe mkonge naye akae asokote.

Akaenda. Siku ile ndege inapaa nilishindwa hata kunywa uji.

Alinipigia ile simu ya kuonana, hapa ilikuwa asubuhi, huko ni mchana. Alinizungusha nikaona. Wamejenga duara la mbao, Mama, nguzo juu ya nguzo, kubwa hivi kwamba watu wanatembea juu ya paa lake na wanaonekana kama siafu. Ndani ya duara ni nyumba za nchi na nchi, hakuna inayofanana na nyingine. Watu ni wengi kuliko niliowahi kuona, na bado wamepanga foleni, hakuna anayemsukuma mwenzake. Nikasema tu, Mungu wangu, Mungu wangu, mpaka Wawira akaniambia, "Mama, punguza sauti, wanakusikia."

Halafu akageuza simu kwa kile kiti cha pili. Ameketi nyanya mmoja wa Kijapani, mdogo wa mwili, mikono ina mishipa kama yako. Amekunja suruali mpaka juu ya goti, anasokota mkonge, na kamba inamkatikia kila mara. Wawira anamwambia, "Usiikabe, iache iteleze!" kwa Kiswahili, amesahau, na yule nyanya anaitikia kwa kichwa kama ameelewa. Mwishowe kamba ikashika, ndefu kama kidole. Akaiinua juu, foleni yote ikapiga makofi. Akaniona kwenye simu akainama. Nami nikainama hapa jikoni, nikagonga sufuria na kichwa.

Kuna jambo lingine. Alibeba kiondo chako, kile cha mistari ya kahawia uliyopaka rangi ya magome. Watu wa maonyesho wakakiweka juu ya meza nzuri, na chini yake kikaratasi: "Kikapu. Kenya." Wawira akawaambia hapana, Kenya haina mikono, kiondo hiki kina mwenyewe. Wakaandika upya. Akanitumia picha. Niliisoma herufi moja moja, kwa kidole, mpaka nikafika mwisho: Marigu. Jina lako, Mama, huko ambako jua linachomoza. Nilimwonyesha Ireri. Aliangalia, akasema anaenda kuwalisha mbuzi, na mbuzi walikuwa wameshakula.

Ijumaa Wawira alirudi. Nilimshika vidole, nikamshika shingo, nikamfungua hata macho. Akaniambia, "Mama, mbona unanikagua kama mbuzi wa mnada? Niko mzima." Kweli yuko mzima. Amekonda kidogo tu.

Lakini jana nilimsikia akiongea kwa simu. Wanamtaka tena, nchi nyingine. Hajaniambia. Anatafuta namna ya kuniambia, namwona anaanza halafu anauliza habari za kuku.

Sasa nimesikia kitanda kikilia, anaamka. Akitoka nitamwambia ndiyo kabla hajafungua mdomo. Nitaogopa, Mama, hilo siwezi kukudanganya. Nitaogopa kuanzia siku atakapofunga sanduku mpaka siku nitakapomshika shingo tena. Lakini nguo zake za safari nitazipiga pasi mimi mwenyewe. Hiyo ndiyo ahadi yangu kwako.

Pumzika, Mama wa Ireri. Ngoja nikamwekee mtoto chai.

Mimi wako,
Mama Wawira