Bibi Amekipenda Kifo Changu

Mpendwa mshauri, naomba msaada kabla sijampoteza bibi yangu aliyenilea tangu mama alipofariki, kwani mimi ni mwigizaji wa tamthilia ya jioni, nilikuwa daktari humo mpaka mwezi uliopita walipoamua nife, nami nikafa vizuri mno, shuka jeupe, pazia linapepea, filimbi inalia kwa mbali, nikatabasamu na kufumba macho kama mtu anayesinzia baada ya kuoga. Nilipokwenda kumsalimu bibi akanishika mkono akaniuliza polepole, "Mume wangu, ulipofumba macho uliona nini?" Anajua fika ni maigizo, lakini alivyonitazama nikashindwa kumvunja moyo, na sifa nazipenda, basi nikamwambia niliona bustani na babu amekaa ananingoja. Tangu hapo amekuwa mwepesi, anaimba peke yake, anatembea nyumbani kama yumo ndotoni, nikafurahi, kumbe juzi nainua mto wa kiti chake nakuta vidonge vyake vya moyo vimejaa chini, na nilipomuuliza akacheka, "Kama ni vile, mbona nachelewa?" Nikisema kweli namnyang'anya furaha, nikinyamaza namzika. Nifanye nini?

Mume Mdogo

Mume Mdogo, pole. Njia ya mwongo ni fupi, na yako imeishia chini ya mto wa kiti.

Leo hii mpigie daktari wake, daktari wa kweli, umweleze vidonge alivyoruka. Usimpe vya nyuma kwa mkupuo.

Runinga huua watu kwa filimbi kwa sababu watazamaji wako mezani wanakula. Hilo si kosa lako. Kosa lako ni kumgawia bibi bustani usiyoijua. Ulipofumba macho pale uliwaza nini hasa? Nadhani pua ilikuwasha. Mwambie hivyo hivyo, acheke. Babu usimnyang'anye, maana kama anangoja au hangoji, hujui wewe wala mimi. Sema hujui.

Kisha mwambie ulilozunguka barua nzima bila kulitaja, kwamba unaogopa. Kaa karibu na kiti chake, umwambie, "Bibi, mimi nilikufa, kesho yake nikaja kwako nikabisha hodi. Wewe ukifa, nitabisha hodi kwa nani?"

Halafu mpe kidonge na glasi ya maji, ungoje ameze.