Mwezi Juu ya Ngumi Mbili

Kambi ya machimbo, upande wa Nyarugusu
Siku ya nne baada ya Idd

Kwa Baba yangu mpendwa, Shinyanga mjini.

Baba, shikamoo. Najua umekwisha itikia kabla Mwanaidi hajamaliza kulitamka neno, basi naipokea marahaba yako huku huku. Hali yangu ni njema. Homa ya mwezi wa Rajabu imekwisha, mguu uliokatwa na jiwe umepona, nakula na kulala. Nataraji kifua cha Mama kimetulia na mvua hizi, na kwamba paa la jikoni limeezekwa, maana nililiacha linavuja.

Mwanaidi, mdogo wangu, wewe ndiwe unayesoma, basi sikiliza. Msomee Baba akiwa peke yake, asubuhi, wageni wakishaondoka barazani. Nimeandika kwa herufi za Kiarabu ili karani wa hapa, aliyesoma misheni, asijue kilichomo. Usiruke mahali, hata ukiona haya kwa ajili yangu.

Baba, barua yako niliipata kwa dereva wa lori, Ramadhani ikiwa imebaki siku kumi. Umesema jicho la kulia limefunga kabisa na la kushoto linaona mwanga wa mlango tu. Umesema mwezi wa kuanza kufunga aliuona Mwanaidi, akakunong'oneza, wewe ukatangaza, na watu wa msikitini mpaka leo hawajui. Umeniambia niache kazi nirudi, nisimame mahali pako kila mwezi unapotazamiwa kuandama, kwa kuwa mimi nina macho. Nilikwisha andika jibu la kukubali. Nimelichana. Nitakueleza kwa nini, kisha uamue wewe.

Kazi yangu unaijua, nashika fito za mpimaji wa ardhi na kubeba vyombo vyake. Mzungu huyu wachimbaji wamemwita Bwana Darubini, kwa sababu ana darubini yake mwenyewe, ya shaba, ya miguu mitatu, ambayo haihusiki na kazi ya dhahabu hata kidogo. Ni ya kutazamia mbingu tu. Wenzake wakienda kunywa, yeye huiweka nje ya hema lake na kuanza kutazama. Kuisafisha vioo ni kazi yangu, na tangu kiangazi kilichopita akaniacha na mimi nichungulie.

Mushtari uliyenifunza jina lake ukumbini kwetu, Baba, si nukta. Ni duara, kama kisahani. Na kando yake viko vinyota vinne vimejipanga mstari mmoja. Bwana akaniambia ile ni miezi yake. Miezi minne ya nyota moja, na mingine midogo zaidi ambayo darubini yetu haiifikii. Akanipa daftari na kalamu ya risasi. Kila jioni baada ya swala ya magharibi nilichora mahali ilipo, miwili kulia, miwili kushoto, au mitatu upande mmoja na mmoja haupo kwa sababu umepita nyuma. Nilichora kiangazi kizima. Bwana alilinganisha na kitabu chake na hakunikuta na kosa hata siku moja. Kisha tukahamia kwa Zohali, aliyevaa pete, naye ana mwezi ninaouona mmoja, kinukta tu, hafifu sana.

Kipo kisayari kipya pia. Hicho sijakiona, wala Bwana hajakiona, kiko mbali mno. Mtu mmoja Amerika alipiga picha mbili za mahali pamoja mbinguni, siku mbalimbali, akazilinganisha nukta kwa nukta, akakuta moja imesogea. Ndiyo hiyo. Mwanzo wakasema ni kikubwa. Kila gazeti linapokuja linasema kimepungua. Bwana anadhani mwisho watakuta ni kidogo kama mwezi, na huenda kweli kilikuwa mwezi wa sayari fulani kikamtoroka mwenyewe, sasa kinazunguka peke yake gizani. Nilimwuliza kama kinaweza kurudi. Akacheka, akasema hilo hakuna aliyeliandika.

Mambo haya nikayapeleka mekoni kwa wachimbaji, na kosa langu lilianzia hapo, maana nilipenda kusikilizwa. Kulwa, Msukuma, mwenzangu wa kushika fito, ambaye hafungi wala hasali, alinichokoza Ramadhani nzima.

"Seif, mwezi mnaofungia ninyi ni upi? Mushtari anayo minne, Zohali anao mmoja. Mkiukosa wenu si mfungulie wa jirani?"

Watu wakacheka, na mimi nikacheka. Mzee Sudi hakucheka. Huyu ni fundi cherehani kutoka Ujiji, ndiye anayetuswalisha hapa kambini, na macho yake ni mabovu kama yako ila yeye ana miwani.

Jioni ya siku ya ishirini na tisa mawingu yalitanda magharibi. Tulikuwa watu kama sitini juu ya kifusi cha shimo kuu, midomo imekauka, hakuna anayeona kitu. Bwana alikuwa hemani na homa yake. Mzee Sudi akaniambia, "Wewe una chombo. Kilete." Sikumwomba Bwana ruhusa. Nikakileta, nikakisimamisha, nikaanza kupapasa magharibi polepole. Mawingu yakapungua kidogo mahali pamoja, na mle ndani nikaona kitu chembamba, cheupe, chenye pembe mbili. Darubini ile hugeuza kila kitu juu chini, nami nimeizoea, nikazigeuza pembe kichwani mwangu, zikakaa sawasawa na za mwezi mchanga.

"Kipo?" akauliza Mzee Sudi.

"Subiri kwanza."

"Seif, watu wana njaa. Umeuona au hujauona?"

"Nimeuona."

"Unaapa?"

"Wallahi nimeuona."

Wengine wakataka kuchungulia, lakini wingu lilikwisha rudi. Hakuna aliyenung'unika. Kama ni Seif, yule asiyekosea miezi ya Mushtari, basi imetosha. Walinibeba mabegani, Baba. Sina haja ya kukuficha kwamba nilifurahi sana.

Asubuhi tukaswali Idd. Mbuzi wawili wakachinjwa, wakaliwa wakaisha, na Kulwa alikula kuliko Waislamu. Alasiri ikanyesha mvua kubwa ikasafisha mbingu yote. Magharibi nikatoka kwenda kutazama mwezi wa pili, ambao ungekuwa mnene na uko juu.

Ulikuwa uzi. Ulikuwa chini kabisa, karibu na vilima, mwembamba kuliko kucha iliyokatwa. Na juu yake mbali, mahali pale pale nilipoielekeza darubini jana, ilikuwa imesimama nyota ya Zuhura inang'aa bila aibu.

Nilikuwa wa kwanza kuuona, Baba. Watu walikuwa wamekaa nyuma yangu wanavuta tumbaku. Aliyepiga kelele ni Kulwa.

"Ninyi! Mwezi wenu si ule unazaliwa sasa hivi? Na wa jana ulikwenda wapi?"

Mzee Sudi akasimama, akafuta miwani kwa kanzu, akatazama sana. Akautazama uzi ule, akapandisha macho mpaka kwa Zuhura, kisha akanigeukia. Hakupandisha sauti. "Ulituonyesha pale," akasema. Halafu akawaambia watu, "Idd ni kesho. Leo mlikula tu. Kila mtu ana siku moja ya kulipa."

Basi Idd yenyewe tuliila kwa ugali na mlenda, maana mbuzi walikwisha kuliwa. Jina langu sasa ni Bwana Miezi. Nikipita mashimoni wananiuliza hali ya mwezi wa Zohali, kama hajambo, kama amepata mtoto. Hayo si kitu, yatapoa. Ila Mzee Sudi ametangaza baada ya swala kwamba ushahidi wangu wa mwezi haupokelewi tena kambini, na hili halipoi.

Homa ya Bwana ilipopungua nilikwenda kumweleza, pamoja na kuchukua darubini bila ruhusa. Alicheka mpaka akakohoa. Akaniambia Zuhura haina mwezi hata mmoja, lakini yenyewe huangazwa na jua kwa ubavu, na ukiitazama kwa darubini ina siku zake za kuwa na pembe. Akasema ni kosa la kweli, mtu yeyote angekosea, na yeye wa kwanza. Alisema hivyo kwa wema. Nikamshukuru, nikatoka.

Lakini wewe si yeye, Baba, na siwezi kukuacha uamini maneno yake. Macho yangu hayakukosea. Wakati wingu lilipofunguka nilikumbuka ulivyonifunza nyuma ya nyumba yetu, nikiwa bado nafika kiunoni kwako. Nyosha mkono, kunja ngumi, iweke juu ya ukingo wa ardhi. Mwezi wa siku ya kwanza haupandi kupita ngumi moja na kidogo. Ukiuona juu zaidi, ama umechelewa siku, ama si wenyewe. Nilinyosha mkono. Niliweka ngumi ya kwanza, nikaweka ya pili juu yake, na darubini ilikuwa ikielekea juu ya zote mbili. Nikaona. Nikajua. Watu sitini walikuwa wananitazama, na Mzee Sudi akasema wana njaa, nikaushusha mkono nikaapa.

Nilitaka kuwa wewe kwa jioni moja. Unaposema umeuona, mji mzima hula. Nimelionea haya jambo hili kila siku tangu siku ile, na nimefunga siku yangu ya kulipa, lakini za watu sitini siwezi kuzifunga wala hawajaniomba.

Basi ndiyo hali ilivyo. Umeomba macho, na macho ninayo, mazima. Hiyo ndiyo sababu sikuweza kukujibu ndiyo bila kukueleza. Ukisema nisije, nitabaki hapa na fito zangu, na sitakulaumu. Ukisema nije, mkataba wangu unaisha kabla ya Shaabani, nitavuka kwa boti mpaka Mwanza na kupanda gari moshi. Ila sitasimama mahali pako. Tutatoka wote wawili nyuma ya nyumba, mimi nitaushika mkono wako, niunyoshe magharibi, niiweke ngumi yako ukingoni mwa ardhi, nami nikuambie mwanga uko chini yake au juu yake. Kusema umeandama, au haujaandama, utasema wewe. Na watu wa msikitini waambiwe habari ya macho yako. Hilo nakuomba.

Nisalimie Mama, umwambie kitambaa cha kanga nimekiona kwa Mhindi wa kambini lakini rangi si ile aliyoitaka. Nisalimie Shangazi anayekaa uani, na Mjomba muuza ngozi akirudi kutoka mnadani, na jirani yetu mwadhini, ambaye usimwambie lolote mpaka uamue. Kulwa amenituma nimsalimie baba wa Bwana Miezi. Amesema "Mwadila," salamu ya kwao, nami nakufikishia kama alivyosema.

Mwanaidi, ahsante kwa kusoma mpaka hapa, na kwa jioni ile uliyomnong'oneza Baba. Kabla hujaikunja barua mwulize jambo moja, uniandikie jibu lake tu: ngumi aliyokuwa akipimia ilikuwa ya kulia au ya kushoto? Nimejaribu kukumbuka, siwezi.

Mimi mwanao,
Seif