Nanga Nimekuachia

Kwako Baba Mapacha,

Sisi wazima. Bomba la jikoni nimeliziba mwenyewe, na wanao sasa wananipita urefu.

Ile meli ndogo ya mbao ya kuunganisha uliyoiacha kwenye boksi, ukasema isiguswe mpaka urudi, nimeiunda. Nimegundisha mbavu, nikapiga msasa, milingoti ikasimama wima. Maelekezo yalisema kitambaa cha matanga kikatwe palepale kwenye mstari, lakini mkono wa fundi cherehani umezoea kuacha nafasi ya mshono, na wangu ukaiacha. Matanga yakatoka makubwa. Sikuyapunguza. Yamefura utadhani kuna upepo sebuleni, na wateja wakija kupimwa hawaishi kuyasifia. Dada yako alinikataza: "Msubiri mwenyewe." Nikamjibu, "Mwenyewe ndiye huyu."

Kila mwaka unaandika "mwakani." Sigombi. Imebaki nanga tu, nimekuwekea mezani pamoja na uzi wake. Shule zikifungwa kabla hujafika, nitaifunga mimi. Ukija baada ya hapo utapiga hodi kama wageni wengine, maana kitasa nacho nitakuwa nimekibadilisha.

Ni mimi mkeo, hadi shule zifungwe,
Mama Mapacha