Kumbe Uko Hai

Chiavari, tarehe 9 Oktoba

...na nikirudi kwenye swali lako, Bibi, lile uliloliandika mwisho kabisa wa barua yako na kulipigia mstari mara mbili hadi karatasi ikatoboka: kwa nini mama mkwe wangu, siku ya harusi yangu, mbele ya wageni wote, alikushika mikono yote miwili, akaitazama, akakuambia, "Kumbe uko hai, mama!" Nimelisoma swali hilo asubuhi na jioni kwa wiki nzima. Nitalijibu, naahidi. Ila niache kwanza nikusalimu, maana ukiona nimeanza na maneno bila salamu utasema bahari imeshaniharibu.

Shikamoo, Bibi yangu Desolina. Goti la kushoto limeamkaje huko bondeni? Mtini wa nyuma ya nyumba bado unazaa, au ndege wamekuwahi? Mama ameniambia kwenye simu kwamba kuni za baridi umezipanga mwenyewe ukamfukuza kila aliyekuja kusaidia, nami nikajua kwamba u mzima. Mimi sijambo. Mimi ni zaidi ya sijambo, Bibi, mpaka naona haya kuandika.

Nikiamka, mwanga unaotoka baharini unakuwa umeshaingia chumbani na kutetemeka kwenye dari kama maji ndani ya beseni. Ninalala hivyo hivyo nikiutazama, na chini ya sakafu nasikia patasi ya Gerolamo ikichonga: tik, tik, kimya, tik. Hapo kwenye kimya najua anapuliza vumbi. Akipanda kuniletea kahawa ananukia mti wa mpea, na nyusi zake zimejaa unga wa mbao kama mzee wa miaka themanini, nami nafikiri, basi atakuwa hivi tukizeeka, na nafurahi kama mjinga. Wiki ya tano sasa tangu tuoane, na bado naigusa pete kila nikishuka ngazi, kuhakikisha kwamba sijaota.

Asubuhi tunafundisha. Chumba cha chini kina meza moja ndefu ya marumaru, na wasafiri wanasimama pande mbili wamefunga aproni, wametoka kila pembe ya dunia kuja kukanda unga na Mama Bice, mama mkwe wangu. Mimi nimepewa upande wa dirishani. Jumanne tulikuwa na maharusi wa Kanada, wachanga kama sisi, na yule bwana akauchukua muhuri wa Gerolamo, huu wa kugandamizia pasta, akamgandamizia mkewe shavuni. Herufi zikatoka vizuri kuliko kwenye unga. Mama Bice akamwangalia yule binti, akamgeukia mumewe, akamwambia kwa uso mkavu kabisa kwamba huyu ameshapigwa muhuri wa ukoo wetu, yeye sasa atafute mke mwingine. Tulicheka hadi mayai yakaviringika chini ya meza.

Najua, Bibi. Najua unavyokunja mdomo hapo ulipo kwa neno hilo, muhuri. Umeniandikia tena kwamba pasta ya hawa watu ni sarafu, si corzetti za kwetu za kufinya kwa vidole, na kwamba mume wetu (zamani ulimwita mume wetu, siku hizi unamwita fundi sarafu) afadhali angechonga vijiko. Umekataa mialiko mitatu ya mama mkwe wangu, na wa mwisho ulimjibu kwamba mtu anayemshangaa mgeni wake kwa kutokufa hawezi kukukaribisha chakula. Niliisoma barua hiyo mbele yake kwa sababu alinitaka niisome. Aliikunja, akaiweka chini ya bakuli la mayai, akaendelea kukata vitunguu.

Kwa hiyo sasa nakujibu, na ninaanza mbali kidogo, kwa sababu kosa lilianza mbali.

Nilikuambia kwamba nilikutana na Gerolamo kwenye stesheni ya Genova akanibebea sanduku. Bibi, hakukuwa na sanduku. Ilikuwa Jumamosi ya mwezi wa tatu, mwaka jana, na nilishuka na treni mpaka Chiavari peke yangu, sina shughuli yoyote, ila nilitaka tu kuona bahari iliyo safi kuliko ile ya bandarini. Chini ya matao ya mtaa mkuu nikamwona kijana amekaa mlangoni anachonga kipande cha mti, ulimi umetoka kidogo pembeni mwa mdomo, kama mtoto anayeandika jina lake kwa mara ya kwanza. Nilisimama. Nilisimama hadi akainua macho akaniuliza kama nataka muhuri au nimeachwa na basi.

Nilitaka aseme tena jambo lolote, basi. Nikauliza kuhusu karatasi iliyobandikwa ukutani nyuma yake, kwamba haya mafunzo ya pasta ni ya nani. Akasema ni ya mama yake, kesho ipo nafasi moja, lakini ni kwa wasafiri wanaotoka mbali tu. Watu wa karibu, akasema akicheka, huja kubishana naye. Nikamwambia mimi ninatoka mbali. Akauliza mbali wapi. Na mdomo wangu, Bibi, bila kuniomba ruhusa, ukasema Ajentina.

Nilikuwa na Kihispania changu cha shule, na yule kaka yake babu aliyekwenda Buenos Aires asirudi. Nikajipa jamaa zake wote. Gerolamo akaniangalia usoni, kisha akashusha macho mpaka kwenye viatu vyangu vilivyojaa udongo mwekundu wa bondeni kwetu, akasema taratibu, "Karibu Italia." Sasa unajua kwa nini ananiita Ajentina hadi leo. Siku ya harusi uliniuliza nikakuambia ni kwa sababu ninacheza dansi vizuri.

Kesho yake nikasimama kwenye meza ile ya marumaru kama mtu ambaye hajawahi kushika unga. Yai la kwanza nilipasulia juu ya meza kwa makusudi, Mungu anisamehe. Mama Bice akanipangusia mikono akaniita mwanangu, akaniambia pole, unga hauna haraka.

Unga ulipofunikwa bakuli upumzike, alifanya anachofanya kila siku mpaka leo. Huzunguka meza akimuuliza kila mtu nani alimfundisha kupika, na kila mtu lazima amtaje mtu wake kwa jina, na yeye hulirudia jina hilo kwa sauti, kana kwamba mwenyewe ameingia chumbani na anatakiwa kukaribishwa. Bwana mmoja mzee wa Norwei alimtaja mama yake, akapangusa miwani kwa aproni yenye unga, na baada ya hapo hakuona kitu tena hadi tulipokula. Kisha ikafika zamu yangu.

Nilifikiri haraka. Nikimtaja Desolina, ataniuliza Desolina wa wapi, na bonde letu litatoka mdomoni pamoja na jina lako, kisha nitatolewa nje mimi na Ajentina yangu, na yule kijana aliyekuwa akichemsha maji sitamwona tena. Nikasema sina mtu. Nikasema bibi yangu alifariki kabla sijazaliwa.

Nilijitetea moyoni kwamba si uongo, kwa sababu bibi mzaa baba alifariki kweli. Lakini nilijua ni nani niliyemuua.

Mama Bice akaniangalia kwa huruma, akageuka, akafunua bakuli, akasema neno moja tu, kwamba haya sasa, corzetti. Wewe unajua, Bibi, na mimi najua, ila siku ile nilisahau: hapa neno hilo ni unga uliosukumwa, ukakatwa duara, ukapigwa muhuri pande mbili. Wenzangu wote walisimama wakisubiri kuonyeshwa. Mimi macho yangu yalikuwa kwa Gerolamo na sufuria yake, na mikono yangu ililisikia neno kabla yangu. Ilisikia sauti yako. Ikachukua unga kiasi cha punje ya dengu, ikashika huku na huku kwa dole gumba na kidole cha pili, ikavuta, ikapinda, ikatoka umbo la tarakimu ya nane. Nyingine, nane. Nilipoangalia chini palikuwa na nane kumi na moja, zimepangwa nne nne kama unavyopenda, na mstari wa mwisho una tatu.

Mama Bice akaokota moja, akaipeleka dirishani, akaigeuza kwenye mwanga. "Kwa mtu aliyefariki kabla hujazaliwa," akasema, "amekufundisha vizuri sana." Akanipa muhuri, akanifundisha kama wengine.

Alasiri Gerolamo akanisindikiza stesheni. Nilipokwenda upande wa treni za Genova aliniuliza kama siku hizi kuna reli mpaka Ajentina, kwa sababu mama yake anasema Ajentina yangu iko nyuma ya Genova, juu mlimani, kule ambako watu hufinya badala ya kupiga muhuri. Nilicheka mpaka treni ikaniacha. Tukakaa kwenye benchi tukisubiri ya pili, na ya pili nayo ikaniacha, na pale nilimwambia kila kitu: bonde, nyumba, shule, udongo wa viatu. Kila kitu isipokuwa wewe. Kwanza niliona aibu. Kisha siku zikapita, na kila siku iliyopita ikafanya neno hilo kuwa zito zaidi.

Kumbe Mama Bice aliamini kwamba aliyenifundisha amefariki kweli, na kwamba inaniuma kumtaja. Hakuniuliza tena hata mara moja. Nane zako kumi na moja alizikausha akazitia kwenye chupa ya kioo dirishani pa jikoni. Na siku ya marehemu wote, mwezi wa kumi na moja, alikwenda kanisani akawasha mishumaa ya watu wake, na mmoja zaidi, na nilipouliza ni wa nani akasema ni wa bibi wa nane. Nilikuwa nimesimama karibu naye kama kutoka hapa mpaka kwenye wino huu. Nilinyamaza.

Halafu ikaja harusi. Goti lako lilikuwa limekuzuia kushuka mwaka mzima, kwa hiyo alikuwa hajawahi kukuona, wala hakujua kwamba wewe ndiye yule bibi wa nane. Walipoleta sahani za corzetti zenye herufi zangu na za Gerolamo, ukaisukuma yako kando. Ukakaa umenuna, Bibi, usikatae, na ukinuna mikono yako haitulii. Ukachukua chembe ya mkate. Mama Bice alikuwa akipita na chupa ya divai, akaona kitambaani mbele yako nane sita za mkate, zimepangwa nne na mbili.

Sasa unajua. Hakukucheka uzee wako. Machozi uliyoyaona na kuyaita ya kinafiki yalikuwa ya furaha. Alikuwa amekuwashia mshumaa, ndipo akakukuta umekaa mezani kwake ukiwa hai na umekasirika.

Wageni walipoondoka aliniita jikoni. Sijawahi kumwona hivyo. Aliniambia nimemfanya amwombee mtu aliye hai kama marehemu, na kwamba yeye hatakuja kwako kujisafisha kwa kunichafua mimi; jambo hili nililifanya kwa mdomo wangu, nitalitoa kwa mdomo wangu. Tangu siku hiyo umemwita asiye na adabu katika barua tatu, na mara tatu ameibeba aibu yangu chini ya bakuli la mayai. Siwezi kuiacha hapo tena. Nimekuwa na furaha hii yote, Bibi, mwanga kwenye dari na patasi na kahawa, na katikati yake kuna kiti kitupu, nami ndiye niliyekiondolea mtu wake.

Nisamehe. Nikasirikie mimi, kwa muda utakaoutaka, lakini mwache Mama Bice.

Jana bibi mmoja msafiri aliiona ile chupa dirishani akaomba afundishwe nane. Nikamwambia siwezi, mwenyewe hajanipa ruhusa. Gerolamo akajaribu kuniokoa, akafinya zake tatu; zilifanana na masikio ya mbwa aliyelowa mvua. Anakuomba umfundishe, na amesema utamtukana upendavyo mradi umwonyeshe kidole kinakaa wapi.

Wasalimie Mama na Baba. Usimpe paka mifupa yote. Gerolamo, ambaye naomba awe mume wetu tena, anakuamkia. Mama Bice hajui kwamba nakuandikia leo, lakini nikimsomea barua hii jioni najua naye atatuma salamu zake.

Kabla mwezi huu haujaisha tutakuja, Jumapili ya mwisho, sisi watatu, kwa treni ya asubuhi. Nitachukua ile chupa. Weka unga juu ya ubao, Bibi, na uniachie mahali pangu pa zamani kushoto kwako. Unga ukiwa umefunikwa, Mama Bice ataniuliza kama anavyouliza watu wote, nani alikufundisha, na safari hii nitajibu kwa sauti ya kufika mpaka barabarani.

Mimi mjukuu wako,
Orietta