Majina Mia Nane na Kumi na Mbili

3 Machi

Dada Profesa,

Shikamoo. Huku tu wazima, wifi yako anakusalimu. Mgongo wako vipi, bado unaugombanisha na kile kiti cha ofisini?

Jarida ulilonitumia nimepata. Ya ndani sijaambulia kitu. Nyinyi mnagonganisha vitu visivyoonekana halafu mnapeana mikono. Lakini majina ya walioandika najua kusoma. Nimeyasoma yote kwa kidole, siku tatu, hapa kibandani, kati ya mteja wa betri na mteja wa miwani. Mia nane na kumi na mbili. Wewe humo. Nikarudia. Humo! Wifi yako akasema nimeruka ukurasa, tumenuniana mpaka leo. Mkuu wako wa maabara yumo. Hata yule wa kufunga nyaya yumo. Wewe miaka kumi na moja unakilea kile kipimo cha chembe kama mtoto mchanga, jina la baba liko wapi?

Mdogo wako,
Kidole

9 Machi

Mdogo wangu Kidole,

Marahaba. Mgongo upo, unanisindikiza kila niendapo.

Umenichekesha. Majina yanapangwa kwa alfabeti, si kwa ukubwa wa mtu. Langu lipo huko katikati, umelipita tu. Hata sisi hatuyasomi. Nani ana muda wa majina mia nane? Mwombe wifi msamaha.

Kidole, nilikuwa nafunga bahasha nikaona aibu kukubishia bila kuangalia. Nimeangalia mara nne. Silioni. Mwaka jana nilikataa kutia sahihi matokeo, nikataka kipimo kikaguliwe upya. Mkuu alinuna. Tulikagua, na kosa tukalikuta, tukalirekebisha. Sikujua kununa kwake kuna kalamu.

Dada yako

16 Machi

Dada,

Shikamoo. Afya yangu usiulize, hasira imepanda kichwani.

Yaani bila wewe wangetangaza uongo dunia nzima, halafu wewe ndiye wa kufutwa? Watu wanatafuta chembe isiyoonekana wanaipata, halafu wanampoteza mama mzima wa kilo themanini! Nipe anwani ya huyo Mkuu. Sipigani naye, nataka kumuuzia miwani.

Na usiniambie yaishe. Nakujua. Walipokunyima ukuu wa idara ulisema yaishe. Mimi niliacha shule darasa la nne ili wewe uendelee. Sikuacha ili wakufute.

Kidole

11 Juni

Kidole,

Hamjambo huko? Nisamehe kimya cha miezi mitatu. Barua zako tatu zimefika; ile ya matusi nimeificha.

Nililalamika kwenye kamati. Wakaniletea fomu: jina litarudi, ila nikubali kwamba lilikuwa "kosa la uchapaji". Mkuu akaniambia, "Profesa, tusiaibishane, sisi watu wazima." Nilikuwa nimechoka, kalamu nikaishika. Nikakumbuka swali lako kwenye ile ya matusi: kosa gani la uchapaji linajua kuchagua mtu mmoja kati ya mia nane, tena yule aliyembishia mkubwa? Nikaliandika kwenye fomu kama lilivyo, nikairudisha bila sahihi.

Ufunguo wa maabara wamenichukua mpaka kamati iamue. Nipo nyumbani, nafuta vumbi vitabu vilivyo safi.

Dada yako

30 Septemba

Dada Profesa,

Shikamoo, tena shikamoo! Wifi yako ameniomba msamaha, nimekubali kwa maringo. Nimefurahi kamati imekurudishia ufunguo, kakague mtoto wako kama walimlisha.

Ukurasa wa marekebisho umefika. Nimeumaliza kwa dakika moja, rekodi yangu. "Jina lifuatalo liliondolewa isivyo haki." Chini yake jina la baba, peke yake, karatasi nyeupe yote inalizunguka. Wenzako wamebanana kama njiti za kibiriti, wewe umepewa ukumbi!

Nimeubandika kibandani juu ya miwani. Mteja akitaka kujaribu namwambia, soma pale. Asipoliona jina la dada yangu, simuuzii, nampa nyingine.

Jana mzee mmoja alivaa, akasoma mpaka mwisho, akavua. "Inafaa," akasema. "Sasa, liliondolewa na nani?"

Nikapanda juu ya stuli, nikamtafuta kwa kidole kuanzia juu mpaka chini. Hayumo.

Dada, shika kalamu.

Mdogo wako,
Kidole