Siku Joris Alipokuja kwa Mama

Mdogo wangu Mwadime,

Joris alikuja. Naanza na hilo kwa sababu najua ndilo ungeuliza kwanza. Alikuja Jumamosi, peke yake, akashuka kwenye treni hapa kwetu Stechford, Birmingham, akiwa amevaa koti jeusi ambalo nadhani alilinunua kwa ajili yetu. Alikuwa ameomba kuja tangu wiki ya mazishi, na Mama alikuwa akikataa. "Sina la kuzungumza na nahodha wa mwanangu," alikuwa akisema, kisha anaendelea kukunja nguo.

Ngoja nikueleze ilivyokuwa, maana mengi hukuyaona.

Ulianguka siku ya nne ya mashindano ya baiskeli, kwenye mteremko, chupa za maji zimejaa mgongoni ndani ya jezi, ukiwapelekea wenzako. Hivyo ndivyo tulivyoambiwa kwa simu. Kesho yake hakuna aliyeshindana. Waendeshaji wote walipanda baiskeli wakaenda polepole, mji hadi mji, na karibu na mwisho wakajisogeza pembeni, wakaiacha timu yenu itangulie kuvuka mstari. Wenzako walivuka wameshikana mabega. Joris alikuwa katikati. Tulikuwa tunaangalia sebuleni, akina mama wa kanisa wamejaa mpaka kwenye ngazi. Mimi nililia, nikaona ni heshima kubwa. Nikamgeukia Mama nimweleze kwamba huo ndio utaratibu wao wa kuomboleza.

"Wamepanda baiskeli?" akauliza.

Nikasema ndiyo, lakini polepole.

"Kwetu mtu akifa hakuna anayeshika jembe mpaka azikwe. Hawa mtoto wangu bado yuko kwenye jokofu la hospitali yao, na wameshapanda baiskeli."

Mmoja wa akina mama akazima televisheni. Siku iliyofuata mbio ziliendelea kama kawaida, na huyo aliyeshinda mwishoni mpaka leo simjui.

Tulikuzika hapa, karibu na Baba. Wajomba kule Taita walinung'unika, ila Mama alisema hawezi kukuacha uwe mbali naye tena. Amerudi kazini kwa wale wazee anaowatunza. Anakula kidogo. Ile alama nyeusi ya usukani wa baiskeli yako kwenye ukuta wa koridoni, iliyomfanya akugombeze miaka yote, nilitaka kuipaka rangi akaniambia niache. Mwanangu Zawadi unamjua, ukimsemesha Kiswahili anakujibu Kiingereza. Lakini wewe anakutaja "Mjomba", hivyo hivyo, katikati ya Kiingereza chake, na sijamfundisha mimi.

Nakumbuka siku uliyonyoa miguu mara ya kwanza, kama wafanyavyo waendeshaji wa baiskeli. Shangazi alicheka mpaka akakaa chini. "Mwanamume mzima amejinyoa kama bibi harusi." Na Mama, kila ukirudi kutoka kwenye mbio za Ulaya, hata begi hujaliweka chini: "Umeshinda?" Ukamweleza tena kwamba kazi yako si kushinda, kazi yako ni kumkinga Joris na upepo, kumletea maji, kumpa gurudumu lako endapo lake litapata pancha, ili yeye ashinde. Mama akafikiri kidogo. "Kwa hiyo wewe ni hausiboi wa baiskeli." Ulicheka wewe kuliko sisi sote. Baadaye nilimsikia akimweleza jirani kwenye simu, na sauti yake ilikuwa na fahari. Alisema mwanawe anafanya kazi kama yake, ya kuhudumia watu.

Sasa Jumamosi. Sijui kilichombadilisha Mama. Siku mbili kabla aliniambia tu, "Mwambie aje. Mtu anayetaka kutoa pole akifukuzwa mara nyingi inakuwa ni sisi wabaya." Jumamosi asubuhi akaanza kupika.

Joris ni mfupi kuliko nilivyodhani. Alisema "pole, Mama" kwa Kiswahili. Akaniambia ulimfundisha maneno mawili, hilo na "twende", na kwamba kila mlima ulikuwa unamwambia "twende". Mama alikaa kwenye kiti cha Baba. Wewe unajua anavyozungumza Kiingereza na wazee wa Birmingham, hata matani yao anayaweza. Siku hiyo alikataa kukisema. Ikabidi nitafsiri.

"Muulize, siku ile alikuwa na kiu?"

Nilitafsiri. Niliogopa jibu lolote ambalo lingekuja.

Joris akasema hapana. Alikuwa bado na nusu chupa. Mlima ulikuwa unakuja, na kabla ya mlima nahodha huinua mkono na msaidizi hurudi nyuma kwenye gari la timu kuchukua maji. Aliinua mkono. Hakufikiria. Ulikuwa umeshamletea maji hivyo kwa miaka.

Nilifungua mdomo nitafsiri. Nakuambia kweli, nilitaka kusema kwamba alikuwa na kiu. Mama aliinua kiganja kuninyamazisha. Alikuwa ameshasikia.

Aliinuka akaingia jikoni na hakurudi. Tulisikia sufuria zikifunuliwa. Aliniita, akanipa sahani imejaa wali na kuku, akasema nimpelekee mgeni. Joris alikula vyote huku anatokwa na machozi, na mimi sikujua nitazame wapi. Alipomaliza alishukuru, akaenda koridoni kuvaa viatu. Mama akatokea mlangoni pa jikoni, mikono ina unyevu.

"Mwambie asije tena."

Nilimwambia. Aliitikia kwa kichwa, akaendelea kufunga kamba.

Halafu Mama akamwambia yeye mwenyewe, kwa Kiingereza, hakunisubiri, kwamba kwenye ile miteremko apunguze mwendo. Akarudi jikoni akafungua bomba, akaliacha likitiririka mpaka mlango wa mbele ulipofungwa.

Mwadime, ulimpenda huyu mtu. Najua ungetaka nikuandikie kwamba walikumbatiana. Hawakukumbatiana. Mama hajamsamehe, na sijui kama atamsamehe, na mimi sitamsukuma. Akitaka kulizungumza jambo hili tena, nitakuwepo.

Mwaka ujao wataendesha tena. Mama atatoka sebuleni, najua. Mimi nitabaki, na nakuahidi sitamtazama anayeshinda. Nitawatafuta wale wanaorudi nyuma kwenye gari, ambao kamera huwapita, na nitawatazama mmoja mmoja mpaka wafike chini ya mteremko.

Pumzika, mdogo wangu.

Dada yako,
Mghoi