Tangi Halikununuliwa na Nyoka

Baghdadiya, Jedda
Jumamosi, baada ya kuosha vyombo vya mchana

Mama yangu mpenzi,

Hujambo Mama? Goti la kushoto linasemaje? Na presha umepimwa mwezi huu, au bado unamkwepa yule nesi wa zahanati? Mimi niko salama, nakula, nalala, na nguo nilizokuja nazo zimeanza kunibana. Nakuandikia kwa mkono kwa sababu nasikia hutaki kuishika simu tangu uione humo ile picha yangu. Barua atakuletea Sidi, yule msichana wa Malindi tuliyepanda naye ndege moja. Amemaliza mkataba anarudi nyumbani. Tulikutana soko la Sharafiya, madam ninayemfanyia kazi alipokwenda kununua vitambaa, nikamshika mkono nikamwomba. Nimeandika herufi kubwa ili usome mwenyewe bila kumwita Mama Chengo. Kule ngumbaru ulikwenda kujifunza kusoma, hukwenda kupiga soga.

Mama, nimeambiwa yote. Nilimpigia Karisa nikamuuliza uko wapi, akasema, "Ameenda bwawani."

"Bwawani kufanya nini, na lile tangi nililowanunulia limejaa?"

Akaanza kuniuliza habari za huku. Unajua kaka yangu hawezi kuficha neno. Mwisho akasema, "Dada, Mama hanywi hayo maji. Mama Chengo ameeneza kwamba unafuga nyoka wa jini huko Saudia, anakutemea pesa, na ndizo zilizonunua tangi. Mama amekataa katakata. Anasema maji ya jini hayatapita kooni mwake."

Nilicheka, nisamehe. Halafu nikaikumbuka ile njia ya bwawani yenye mawe, nikakuona na ndoo kichwani na goti hilo, na kicheko kikakatika. Nililia mle jikoni mpaka madam akaniuliza kama nakata vitunguu. Kwa hivyo leo nakueleza kuanzia mwanzo. Nyoka yupo, hilo sikatai.

Nyoka ni wa Rima, binti mkubwa wa madam, anayesomea kutibu wanyama. Nilipokabidhiwa tulikuwa bado Riyadh, kabla ya kuhamia Jedda. Jina la nyoka ni Zafarani kwa ajili ya rangi yake, na aina yake wanaiita nyoka wa mahindi. Mahindi hali. Ila ukimgeuza utaona tumbo lote lina viraka vyeusi na vyeupe vimepangana kama punje za yale mahindi ya rangi mbili ya shamba letu la juu. Mgongoni ni wa rangi ya chungwa, na mabaka mekundu yaliyozungushiwa weusi mwembamba, kama kwamba mtu amekaa akayachora kwa subira. Hana sumu hata kidogo, na ukimnyoosha hafiki kimo changu.

Rima akapata chuo hapa Jedda, akaja kukaa kwa khala yake, dada ya madam. Huyo khala akaapa kwamba nyoka hatavuka kizingiti chake. Madam naye akasema, "Wallahi, mimi siingii chumba hicho. Kadzo, halas, basi, wewe ndiye mama yake." Hakuna aliyeniuliza kama naogopa. Mimi mwanao, ambaye nikiona mjusi ukutani nilikuwa napanda juu ya kitanda!

Rima alinifundisha siku tatu kabla ya kuondoka. "La, la, Kadzo! Usimshike kwa juu, atadhani wewe ni mwewe unamvamia. Ingiza mkono kwa ubavuni, shwaya shwaya, polepole, umbebe tumbo lote." Akanionyesha upande wa sanduku lake la kioo wenye joto na upande wa baridi, kwa maana nyoka hana joto lake mwenyewe, analifuata. Ukitoka kukata kuku, osha mikono kwanza, la sivyo atadhani kidole ndicho chakula. Akishakula, mwache siku mbili tumbo lifanye kazi.

Chakula chenyewe ni panya mmoja kwa wiki. Na Mama, huku panya wananunuliwa! Wanaletwa wamegandishwa ndani ya mfuko, na wana friji yao ndogo peke yao. Namyeyusha mmoja kwenye maji ya uvuguvugu, namshika kwa koleo ndefu, nampelekea bwana mkubwa. Nikiwakumbuka panya wa dari yetu wanaotumalizia mbegu bure, natamani wangejua bei ya wenzao. Sasa muulize Mama Chengo, ni nyoka gani wa kutema pesa ambaye hata panya hawezi kujinunulia?

Lakini nisijifanye jasiri. Kuna jambo nataka kukuungamia. Siku ya pili baada ya Rima kuondoka, hofu ilinishika kama ilivyokushika wewe. Nikakumbuka ulivyotufundisha kwamba jini hakai penye chumvi. Nikachota chumvi kiganja kizima, nikaitia kwenye bakuli lake la maji, nikaomba, nikasimama mlangoni na ufagio nikingoja ageuke moshi. Akatoka kwenye kijumba chake, akatoa ulimi, akayagusa maji, akarudi ndani. Nikajisemea, ehe, umemkamata! Kesho yake nikaongeza chumvi.

Siku ya tatu ya chumvi macho yake yakafunga ukungu wa buluu. Hapo niliushika ufagio tena, maana sikujua kwamba nyoka akikaribia kujivua gamba macho huwa hivyo. Siku ya nne gamba likaanza kutoka vipande vipande, kama rangi ya ukuta wa zamani, na karibu na ncha ya mkia likabaki pete ngumu inayobana. Ncha yenyewe ikaanza kuwa nyeusi. Nikampigia Rima kwa video nimwonyeshe.

Akaniuliza, "Maji anakunywa?"

Nikamwonyesha bakuli. Halafu nikasema kweli, chumvi na ufagio na yote. Nilijua sasa nafukuzwa. Rima akajiziba mdomo, kisha akasema polepole, "Ya Kadzo. Huyo si jini. Huyo ana kiu."

Akanielekeza. Nikatia maji ya uvuguvugu kwenye beseni, ya kina cha kidole tu, nikaingiza mkono kwa ubavuni nikambeba. Ilikuwa mara yangu ya kwanza bila mtu kando. Mama, nyoka si mtelezi wala si wa ute kama tunavyosema. Ni mkavu, laini, na ndani yake unasikia nguvu inatembea. Nilipomweka kwenye beseni akalaza kidevu juu ya maji, na mashavu yakaanza kucheza kidogo kidogo. Alikunywa. Alikunywa kwa muda mrefu mpaka nikaona aibu. Kiumbe huyu alikuwa amekaa siku nne kando ya bakuli lililojaa, na hawezi kunywa, kwa sababu mimi naogopa.

Kisha nikamzungushia taulo bichi, yeye akawa anapita katikati ya kiganja changu, na mimi navuta ile pete taratibu kuelekea mkiani. Ilichukua saa nzima. Angeweza kuniuma na ningestahili. Hakuniuma. Pete ilipotoka, chini yake rangi iling'aa kama leso ambayo haijafuliwa hata mara moja, na ule weusi wa ncha ukaisha baada ya siku chache.

Tangu hapo nampenda, siwezi kukudanganya. Napenda anavyopanda tawi bila mkono wala mguu, anavyojifunga kwenye kiwiko changu, anavyoonja hewa kwanza kabla ya kuamua jambo. Katika nyumba ambayo kila chumba kinaniita Kadzo, Kadzo, yalla, haraka, yeye peke yake haniiti. Gamba la pili alilivua zima, kutoka mdomoni mpaka mkiani, hata ule utando wa macho. Nililihifadhi ndani ya Biblia yangu ili Rima alione. Hilo nalo usimwambie Mama Chengo.

Baba, yaani mume wa madam, alipohamishiwa kazi Jedda tukaja kwa gari, safari ya kutwa. Zafarani nilimtia ndani ya foronya ya pamba, nikafunga fundo, nikampakata ndani ya kisanduku. Kiyoyozi kilikuwa kinapuliza barafu. Nikasema, "Baba, punguza kidogo, mtoto anaganda." Alicheka mpaka akakohoa, lakini alipunguza. Tulipofika Rima alimkagua gamba kwa gamba kutoka shingoni mpaka nchani, kisha akanikumbatia mbele ya mama yake. "Tislam idek, Kadzo," akasema, yaani mikono yako isalimike. Ndipo akanipiga ile picha. Kile kicheko unachokiona ni cha mtu aliyesifiwa kazi yake kwa mara ya kwanza tangu afike nchi hii. Nikaiweka kwenye status ya simu, watu waione, nijitambe kidogo.

Sasa Mama, nimekaa nikafikiri, na kosa si la Mama Chengo peke yake. Kila ukiniuliza kazi ikoje, nakujibu ni nyepesi, mashine ndizo zinafanya, mimi nabonyeza tu. Nilisema hivyo ili usikose usingizi. Sasa mtu mwenye kazi nyepesi anapoleta tangi kubwa kuliko nyumba yake, watu waseme nini? Wewe ulijua pesa hainijii bure, na mimi sikukuambia inatoka wapi.

Basi inatoka hapa. Naamka kabla ya adhana ya alfajiri. Nyumba ya Riyadh ilikuwa na ghorofa tatu, na vumbi lake ukilifuta asubuhi, jioni limerudi. Kanzu nyeupe za Baba na za wanawe wawili napiga pasi kila siku, na kola ikiwa na mkunjo mmoja narudia. Siku za wageni naosha masufuria ambayo ningeweza kukaa ndani. Nina kovu la pasi mkono wa kulia, kutoka kifundoni hadi karibu na kiwiko, ndiyo maana kwenye picha nimemshika nyoka kwa wa kushoto. Kuna siku madam akitoka nalala chali sakafuni kwenye chumba cha kufulia, mgongo unyooke, halafu naamka naendelea. Hizo ndizo pesa za tangi, hakuna nyingine.

Nisalimie Karisa kaka yangu, na Dama mkewe, na huyo mtoto wao ambaye namjua kwa sauti tu. Nisalimie shangazi Kache aliyenisuka nilipokuja huku, na mjomba Katana aliyefunga bila kulipwa mifereji ya bati inayojaza tangi. Hata Mama Chengo jirani yetu msalimie, na akija na ndoo mjazie.

Mama, usirudi bwawani. Nimechoka sana kwa ajili ya maji hayo. Yanywe.

Mwanao,
Kadzo